Mzinga wa Kumi na Tano

Jumatatu, 9 Oktoba 2023

Nimefika. Vumbi mpaka kwenye meno. Basi hadi Kinyangiri, halafu bodaboda ya Enock saa moja na nusu — mgongo sina tena.

Niko kwa mzee Yeremia, mwenyekiti wa kikundi cha wafuga nyuki. Nyumba ya bati, ua umefagiwa, mbuzi watatu. Nimemwamkia shikamoo mzee, kaitikia marahaba huku anaangalia viatu vyangu. Nadhani vimefaulu, maana hakusema kitu.

Mke wake, mama Chediel, kapika ugali wa uwele na mlenda. Nimekula mpaka nikaona aibu.

Kazi yenyewe: mizinga ishirini na mitatu ya magogo, yote iko huko juu kwenye milima ya ukingo wa bonde. Gari halifiki. Pikipiki inaishia chini. Afisa nyuki aliyenitangulia alijaza fomu akiwa amekaa kivulini barabarani, akaandika "yote ipo". Kila mtu hapa anajua. Mimi nitaiona mmoja mmoja kwa macho yangu. Nimechoka kusikia kwamba mwanamke akipewa kazi hii atakuwa wa ofisini tu.

Tulikuwa twende watatu. Wa tatu ni Chediel, mtoto wao mkubwa, mwenye mke na watoto wake, ila yuko msibani Nduguti mpaka keshokutwa. Mzee kasema hakuna haja ya kumsubiri, njia anaijua tangu hajaota ndevu. Mama Chediel hakupenda. Kasema maneno kwa Kinyiramba, marefu, mzee akacheka peke yake. Mimi Mnyaturu wa Unyambwa, nimeambulia moja moja tu. Halafu akanigeukia kwa Kiswahili: hakikisha anakunywa maji, huwa anasahau.

Mume wangu Derick kapiga. Swali lile lile, utarudi lini. Jumatano jioni tunashuka, Alhamisi niko nyumbani. Kampa simu Lea. Jino lake la mbele linatikisika. "Mama usikae sana, litang'oka hujaliona." Halafu network ikakata.

Daftari nakwenda nalo. Simu yangu Derick huipekua. Hili halimshughulishi — anasema mwandiko wangu ni wa kuku.

Jumanne, 10 Oktoba

Asubuhi, saa moja na nusu. Enock katuacha chini ya mlima. Atarudi kesho saa kumi jioni, papa hapa, kwenye mti uliokatwa.

Mzee alitaka tuanzie mizinga ya upande wa chini, ndivyo alivyomwambia mkewe. Nimesema hapana, tuanze na ile ya mbali kule juu wakati tuna nguvu, turudi tukishuka. Kaniangalia kidogo. "Wewe ndiye afisa." Kabeba galoni la maji, panga, bomba la moshi la kutuliza nyuki. Mimi mkoba na fomu. Tunapanda.

Jioni. Niandike sasa, jicho la kushoto limeshaziba na la kulia linafuata.

Sijui niko wapi. Mzee Yeremia sijui yuko wapi.

Ilikuwa saa saba mchana. Tumemaliza mizinga kumi na minne. Jua kama pasi. Mzee kakaa chini, kasema, "Mwanangu, tuachie hapa. Nyuki wa saa hizi hawataki mtu. Tupumzike, tuendelee jioni." Nikasema mzee, imebaki tisa tu, tukikaa tutamaliza lini? Akasema basi huu wa kumi na tano usiufungue, uangalie kwa nje, umejaa sana, usikie unavyovuma.

Nikaufungua.

Fomu inataka idadi ya masega! Ulikuwa kwenye tagaa la chini, kimo cha kifua changu, rahisi. Bomba la moshi lilitoa pumzi mbili tatu, likazima. Miaka kumi na moja kwenye kazi hii sijasikia sauti ile. Walitoka kama maji yanayomwagwa.

Nilikimbia. Kofia yangu ya wavu ilinaswa na miiba, ikabaki hapo hapo. Mzee alikuwa nyuma yangu anapiga kelele, "Kimbia! Usisimame!" Yeye hana hata kofia ya wavu, miaka yote anarina kwa moshi tu. Halafu nikasikia mawe yanaporomoka. Halafu akaita mara moja. Emiliana! Kutwa nzima alikuwa ananiita afisa, mwanangu — jina langu hakuwahi kulitaja.

Niandike kama ilivyo. Nilisikia. Sikugeuka.

Nimekimbia sijui umbali gani. Korongo moja, kilima, korongo jingine. Nilipoacha kusikia nyuki nilikuwa chini ya jiwe hili natapika. Nimeng'oa miiba ya nyuki mikononi, shingoni, na mmoja kwenye ulimi. Nimehesabu hadi arobaini nikaacha.

Nina: chupa ya maji, nusu. Viazi vitamu vitatu. Simu, asilimia kumi na tisa, network hakuna. Kalamu.

Galoni analo mzee.

Jumatano 11

Sioni. Naandika kwa kupapasa, mistari labda inapandana.

Homa. Nimeita mzee, mzee, mpaka sauti imeisha.

Maji yameisha.

Saa kumi Enock atakuwa chini. Chini ni upande gani?

Alhamisi, 12 Oktoba

Jicho la kulia limefunguka kidogo. Nashukuru.

Nimepanda mpaka juu ya kilima kutafuta network, kwa mikono na magoti. Simu asilimia sita. Kistari kimoja kikatokea! Nikampigia mama Chediel. Iliita mara mbili — nilisikia kabisa ikiita — halafu ikazima. Nimeibonyeza mpaka kidole kimeuma. Nimekaa na lile jiwe jeusi mkononi kama mjinga.

Kutoka pale juu naona dunia nzima na hainisaidii. Mbali kule chini ni mbuga, nyeupe, inametameta. Hakuna barabara, hakuna bati hata moja. Nyuma yangu milima, makorongo, vichaka vya rangi ya majivu visivyo na jani. Kila korongo linafanana na jingine. Jana nilidhani nikifika mahali penye kimo nitapaona tulipokuwa. Ningekuwa naijua milima hii ningepaona.

Moshi upo. Mahali pengi, mbali. Watu wanasafisha mashamba. Oktoba.

Midomo imepasuka. Nilianza kunyonya makokwa ya ukwaju, nimeokota chini ya mti, makavu, yamejaa wadudu. Yanatoa mate kidogo. Viazi nimekula kimoja, hakimezeki.

Halafu nikawaona nyuki.

Nilikuwa nimekaa, jua liko mbele yangu, nikaona vitu vinang'aa vinapita. Mmoja. Mwingine. Wote njia moja, chini chini, wamenyooka. Mwili wangu wote ulisisimka, nikataka kujificha chini ya mkoba. Lakini nimefundisha watu hili, nimesimama mbele ya vikundi na chaki: wakati wa kiangazi nyuki hubeba maji kupoza mzinga, na anayefuata maji hazunguki maua, hunyooka. Na haendi mbali.

Nikawafuata.

Nilikuwa natembea hatua ishirini, nakaa, nasubiri wapite wengine waning'arie, natembea tena. Mara mbili nimewapoteza. Nililia mara ya pili, machozi hayakutoka. Labda saa tatu nzima. Mwisho nikasikia. Sio kuona — kusikia. Mvumo. Nilisimama pale natamani maji na naogopa sauti, sijui kwa muda gani.

Ni ufa kwenye mwamba, chini ya mkuyu. Tope jeusi, mavi ya nyani, na ndani ya ufa maji ya kujaza viganja viwili, yanajaa tena polepole. Nyuki wamejipanga pembeni kama watu kwenye bomba la kijiji. Nimelala kifudifudi, nimechovya kitambaa cha kichwa, nimekamua mdomoni. Harufu mbaya. Nimekunywa. Nimekunywa tena. Mmoja kaniuma kwenye kidole na sikusogea.

Leo nalala juu ya tawi la mkuyu. Fisi yuko karibu.

Lea atakuwa ameshatoka shule.

Ijumaa, 13 Oktoba

Nimempata! Yuko hai!

Taratibu. Niandike taratibu.

Asubuhi nilisikia ngo, ngo, ngo. Kimya. Ngo, ngo, ngo. Jana pia niliisikia nikadhani ni ndege anayegogota miti. Leo nikaisikiliza. Ndege hahesabu tatu.

Nimejaza chupa — kuijaza tu ni kama nusu saa, kwa kitambaa — nikafuata sauti. Ilikuwa inapotea kila ninapoingia korongoni, narudi juu, naisikiliza tena. Saa mbili za kutembea. Labda zaidi.

Alikuwa chini ya jiwe kubwa lililoinama, kwenye kingo, kama mita sita chini ya mahali tulipopita tukikimbia. Panga mkononi, analigonga kwenye mwamba. Uso umevimba, sikumtambua kwanza. Mguu wa kulia umevunjika chini ya goti, mfupa umetoka nje. Nzi. Harufu.

Nikasimama mbele yake, na neno lililonitoka mdomoni ni, "Shikamoo mzee."

"Marahaba," akasema.

Ndipo nikakaa chini nikalia, na safari hii machozi yalikuwepo.

Nimempa maji kidogo kidogo kwa kitambaa. Alitaka kushika chupa anywe yote, nimemkatalia, nimemshika mikono kama mtoto. Galoni lilipasuka alipoanguka. Yalibaki maji kama vikombe viwili kwenye kona, ndiyo amekunywa siku tatu.

"Nilijua hujafa," kasema. "Ulikuwa unakimbia kama swala."

Nimemfunga mguu kwa fimbo mbili na khanga yangu ya kiunoni. Alipiga kelele mara moja tu, halafu aliuma mkono wa koti lake. Mafunzo ya huduma ya kwanza niliyapata miaka sita iliyopita kwenye ukumbi wenye feni, tukifungana miguu mizima huku tunacheka.

Baadaye jua lilipoondoka pale kwenye jiwe nikamwambia. Nilisema mzee, ulipoita jina langu, nilikusikia.

"Najua ulisikia. Ndiyo maana niliita."

Halafu akauliza, pole pole, bila hasira, na ningependa angeuliza kwa hasira: "Kama aliyekukataza kuufungua ule mzinga angekuwa mkubwa wako wa kazi, ungefungua?"

Nimefikiria kumdanganya.

"Nisingefungua, mzee."

"Basi," akasema, akafumba macho.

Jumamosi, 14 Oktoba

Ana kiberiti! Mfukoni, siku zote hizi. Nimekusanya kuni na majani mabichi ya mkuyu niliyobeba kutoka majini, nimewasha moto mkubwa juu ya kingo. Moshi mzito, mweupe, umepanda wima. Nimekaa naangalia huku na huku nasubiri mtu.

Halafu nikaangalia bondeni. Moshi kule, moshi kule, moshi na kule. Mashamba, mkaa. Nani atautazama wa kwetu?

Nimekwenda majini mara mbili. Kwenda na kurudi ni asubuhi nzima, nikifika nusu nimeshainywa mwenyewe njiani, siwezi kujizuia, naapa kila mara kwamba safari hii sitakunywa. Nyani wamenifukuza mara ya pili. Dume moja likakaa juu ya ufa likaniangalia. Nimelirushia mawe, limeondoka kwa dharau.

Ukwaju. Viazi viwili vilivyobaki nimempa yeye, kala kipande, kingine kakitema.

Mguu umekuwa mweusi mpaka juu ya goti. Wote tunauona.

Anataka niondoke. Kanielekeza: fuata korongo hili mpaka linapogawanyika, shika la kushoto, utakuta mteremko wa mawe mekundu, jua la asubuhi liwe begani kwa kulia, utatokea kwenye njia ya ng'ombe. "Siku moja kwa mtu mzima. Kwako moja na nusu." Kanifanya nirudie kama mwanafunzi.

Nikamwambia nikienda nani atakuletea maji?

"Mwanangu, mimi na maji tunaelekea kuachana."

Nimekataa. Kanikasirikia. Kaniambia maneno makali ya Kinyiramba, nadhani ni matusi, nimefurahi kuyasikia maana yalikuwa na nguvu.

Mchana kasema nichukue daftari niandike. Mizinga ya upande wa juu apewe Chediel. Ile minane ya upande wa chini ni ya mama Chediel, hata akiolewa tena. ("Hataolewa," akaongeza.) Ule wa kumi na tano uachwe, usirinwe mwaka huu, utulie.

Nimeandika hivyo, kwenye ukurasa wake peke yake.

Halafu: "Ukifika nyumbani, sema niliteleza."

Nikauliza, niseme nini?

"Niliteleza. Si kweli? Niliteleza, nikaanguka. Habari za mzinga achana nazo. Wakisikia nyuki wameua mtu watakuja kusema mizinga yote ishushwe. Watoto wa Chediel wanasomeshwa na mizinga hiyo."

Nikasema wewe hufi, mzee.

Akaniangalia kama alivyoangalia viatu vyangu.

Sikumjibu kama nitasema au sitasema. Sijamjibu mpaka sasa. Najua kwamba anasema kwa ajili ya mwanawe. Najua vile vile nilivyojisikia aliposema: kama mtu aliyefunguliwa kamba. Hiyo ndiyo iliyonitia hofu. Nimekwenda kuokota kuni ambazo hatuzihitaji.

Jumapili, 15 Oktoba

Alfajiri alikuwa anaimba. Kwa Kinyiramba, wimbo wa kanisani nadhani, mstari mmoja akiurudia. Nikampa maji yaliyokuwa chini kabisa ya chupa. Akasema ni matamu. Akauliza leo Jumapili? Ndiyo. Akasema watakuwa wanagonga kengele.

Halafu akataka maji tena, na hayakuwepo.

Nilikimbia kwenda, nikakimbia kurudi. Sikunywa hata tone njiani! Leo niliweza. Chupa imejaa mpaka kwenye kizibo.

Macho yalikuwa wazi.

Nilikaa na ile chupa. Sijui niliongea naye nini, niliongea mengi, nilimweleza habari za Lea. Jua lilipofika kichwani niliyanywa maji yake. Yote, kwa mara moja.

Nimebeba mawe mpaka kucha mbili zimeng'oka. Nimemfunika vizuri, miguuni nimeweka makubwa, kwa ajili ya fisi. Sikujua sala inayofaa kwa Mlutheri. Nimesema Baba Yetu, na nilipofika kwenye utusamehe makosa yetu nikakwama. Nikaanza upya, nikakwama pale pale.

Jioni nimekwenda kuijaza chupa tena. Kesho nashuka.

Jumatatu, 16 Oktoba

Nimeondoka kabla ya jua. Korongo mpaka linapogawanyika, kushoto. Mteremko wa mawe mekundu nimeupata, nimeteremka kwa makalio. Nimeanguka mara nyingi. Kiatu cha kulia kimefunguka mdomo.

Maji nusu chupa saa nne. Saa sita hakuna. Nikaanza kuona watu ambao si watu — Derick amesimama na mwavuli, mwalimu wangu wa darasa la tatu. Niliwapita bila kusalimia.

Nyayo za ng'ombe! Za zamani, kavu, lakini ni za ng'ombe. Nimezishika kwa mkono.

Nikakaa kwenye kivuli cha mgunga niandike hayo, nikasikia mtu anaita.

"Babaaa!"

Nilidhani ni kama wale wa mwavuli. Ikaja tena, karibu. "Babaaa!" Sauti imekauka, ya mtu aliyeita siku nyingi. Nikajaribu kuitika, ikatoka pumzi tupu. Nikagonga chupa kwenye jiwe.

Akatokea kwenye kona ya njia. Shati jeupe lenye jasho, galoni la lita tano begani. Sikuhitaji kuuliza ni nani. Masikio ya mzee, na ule mwendo wa kutupa mguu mmoja pembeni.

Alikuja mbio, akapiga magoti. "Dada, pole, dada, pole sana. Kunywa. Pole pole." Kanishika kichwa, kaninywesha kwa kifuniko. Vifuniko vitatu, vinne. Alikuwa anaongea haraka haraka: wametutafuta siku nne upande wa chini, watu ishirini, mama alisema baba alimwambia wanaanzia kule. Simu ya mama iliita Alhamisi ikakatika. Leo asubuhi ndipo yeye akasema ngoja nijaribu upande wa juu, wenzake bado wako ng'ambo, Enock kamleta mpaka kwenye mti.

"Baba yuko wapi?"

Nikanyoosha kidole. Juu. Korongo la kushoto, nikasema, mpaka kwenye jiwe kubwa lililoinama.

"Anaweza kutembea?"

"Hapana," nikasema. "Mguu. Umevunjika."

"Aliteleza?"

Nikatikisa kichwa. Sijui nilikitikisa kusema ndiyo au hapana. Yeye alichukua ndiyo.

Akafunga galoni, akalibana vizuri kwenye kamba, akalirusha begani. Kanimiminia chupa yangu nusu tu. Kasema, "Nisamehe dada, mengine namwachia mzee, huwa anasahau kunywa. Kaa hapa hapa, usiondoke kivulini. Nikifika kwake nitapiga mluzi." Na akaanza kupanda, karibu anakimbia, ananitupia tabasamu juu ya bega. Tabasamu!

Hakuuliza lile swali lingine, kama baba yake yuko hai. Na mimi sikulisema.

Amefika kwenye mawe mekundu. Anapanda kwa mikono, galoni linamgonga mgongoni. Lita nne na nusu, juani, kwenye mteremko ule. Amesimama. Amegeuka kuniangalia, amenipungia mkono.

Nimempungia.

Maji yamenirudishia sauti. Nimejaribu sasa hivi, kwa chini, nimesema jina lake: Chediel. Inatoka. Upepo unaelekea kwake. Nikiita sasa hivi atasikia.

Shati bado naliona. Limekuwa dogo